Chausiku na mti mchungu: uchambuzi wa kisa kimoja cha Mahale

Mwezi Novemba 1987, ndani ya msitu wa Mahale, upande wa mashariki wa Ziwa Tanganyika, sokwe jike mmoja aliacha kufanya mambo aliyozoea kuyafanya. Kisa chote kinaanzia hapo. Hakuna aliyempima joto, hakuna aliyemtoa damu, hakuna hata aliyemgusa. Watu wawili waliokuwa wakimfuata waliona tu kwamba hamu ya kula imempungua, mwendo umekuwa mzito, choo na mkojo si vya kawaida, na mchana kweupe, saa ambazo sokwe mzima huwa juu ya miti akichuma, yeye amejilaza.

Baadaye akajikokota hadi kwenye mti mdogo ambao si chakula cha kila siku cha sokwe wa pale. Akavunja chipukizi, akabambua gamba na majani, akayatupa, akabaki na moyo wa shina. Akautafuna, akafyonza maji yake, akatema makapi, kama mtoto aliyepewa kipande cha muwa. Lakini muwa ni mtamu, na mti huu ni mchungu kama shubiri. Sokwe wazima waliokuwa karibu hawakuonyesha kuutaka.

Kesho yake alikuwa amepata nafuu ya kuonekana kwa macho: anakula, anatembea, anakwenda na wenzake.

Jina lake Chausiku. Kwetu ni jina la msichana aliyezaliwa usiku, na hata sokwe wa Mahale wengi wamepewa majina kwa mtindo huo, maana walioishi nao msituni na kuwaandika daftarini walikuwa watu wa huku pamoja na watafiti wa Kijapani. Utafiti wenyewe ulianzishwa mwaka 1965 na Toshisada Nishida. Kufikia siku ile ya Novemba, sokwe wa kundi la M, kundi lake Chausiku, walikuwa wanajulikana mmoja mmoja kwa sura, kwa ukoo na kwa tabia.

Waliomwona ni Michael Huffman, mtafiti kijana Mmarekani kutoka Chuo Kikuu cha Kyoto, na Mohamedi Seifu Kalunde, Mtongwe, mzaliwa wa eneo lile na mjuzi wa mitishamba kama wazee wake. Huffman aliuona mti bila kuujua. Mohamedi ndiye aliyemweleza kwamba ni mjonso na kwamba kwa Watongwe ni dawa nzito: ya tumbo, ya kuharisha, ya minyoo, ya malaria. Mwaka 1989 wawili hao waliandika taarifa ya kisa hiki kwa majina yao yote mawili. Nafurahi kila ninapolikumbuka hilo, kwa sababu nimesoma tafiti nyingi za porini ambamo mtu aliyejua jina la mti huishia kushukuriwa kwa mstari mmoja mwishoni.

Mimi ni daktari wa mifugo. Wagonjwa wangu ni ng'ombe, mbuzi, kondoo, mbwa mmoja mmoja, na punda pale mwenyewe anapokumbuka kwamba punda naye huumwa. Sokwe nimewaona kama mtalii, nimevaa barakoa kama sheria ya Mahale inavyotaka. Lakini kisa cha Chausiku nakirudia mara kwa mara, kwa sababu kinagusa kitu ambacho kazini kwangu tunakitumia kila siku bila kukipa jina.

Kuumwa ni tabia kabla ya kuwa vipimo

Mama mmoja mfugaji akinipigia simu asubuhi, mara chache huanza na joto la mwili au kinyesi. Huanza na neno kama amezubaa, amejitenga, hacheui, masikio yamelala. Au kauli ninayoipenda kuliko zote: "Daktari, huyu leo si yeye." Hapo tayari kuna uchunguzi. Ng'ombe mzima hucheua saa 7 hadi 8 kwa siku, na mtu anayelala hatua chache kutoka bandani huijua sauti ile ya kucheua kama anavyoijua saa ya ukutani. Ikinyamaza, anaamka.

Halafu nafika mimi. Mbuzi aliyekuwa ameinamisha kichwa tangu alfajiri anainua masikio, anasimama imara, ananikazia macho. Mwenye mbuzi anaaibika, anaona kama amenisumbua bure. Hakunisumbua. Mbuzi ni mnyama wa kuwindwa, na mbele ya mgeni mwenye harufu ya dawa hujikaza ili asionekane mnyonge. Moyo unamwenda mbio kwa hofu, joto linapanda kidogo kwa hofu, na mimi na kipimajoto changu tunaandika hofu tukidhani tunaandika homa. Ndiyo maana siku hizi kwanza nakaa mbali, nazungumza habari za mvua, na kumtazama mgonjwa kwa jicho la pembeni kabla sijamsogelea.

Kule Mahale hakukuwa na mgeni. Sokwe walishawazoea watu, na watu walishawajua sokwe. Kwa hiyo kilichoonekana kwa Chausiku kilikuwa kuumwa kwenyewe, hakijachanganyika na woga wa kuchunguzwa. Ni jambo ambalo zahanati yoyote ya wanyama ingelitamani.

Mwaka 1988, kati ya siku ile ya msituni na siku taarifa yake ilipochapishwa, daktari wa mifugo Benjamin Hart wa Chuo Kikuu cha California kule Davis aliandika makala kuhusu tabia ya mnyama mgonjwa. Yeye na Huffman hawakuwa wakizungumzia kitu kimoja, lakini ukiyasoma maandiko yao pamoja yanashikana. Hoja ya Hart ilikuwa kwamba kulala sana, kukosa hamu ya kula, kuacha kujisafisha manyoya na kujitenga visichukuliwe kama udhaifu unaoletwa na vijidudu tu. Ni mpango wa mwili. Homa ni ghali. Kila nyuzi moja ya joto inayoongezeka huongeza matumizi ya nguvu mwilini kwa kama asilimia 10 hadi 13. Anayelala anaweka akiba ya kulipia homa. Asiyetoka kutafuta chakula hapotezi joto wala hakutani na chui akiwa hoi.

Basi Chausiku aliyelala mchana alikuwa tayari amekwisha kuanza matibabu kabla hajaugusa mjonso. Na hapa ndipo mchambuzi anapaswa kusimama kidogo. Kama kulala ni tiba, kesho yake alipona kwa kulala au kwa kutafuna?

Pale kisa kinapolegea

Tusijidanganye kwa uzuri wa hadithi. Kisa cha siku ile, kikitazamwa peke yake, ni chembamba. Mgonjwa ni mmoja. Ugonjwa haukujulikana: dalili zile zinaweza kuwa za minyoo, za malaria, za chakula kibaya, za vitu kumi. Magonjwa mengi ya tumbo hupoa yenyewe ndani ya siku moja au mbili, na kila mganga mwenye bahati amejengewa nyumba na magonjwa ya aina hiyo. Hakuna sokwe wa pili aliyeumwa vilevile asile mjonso ili tulinganishe. Mwanafunzi wangu akiniletea ripoti ya namna hii kuhusu mbuzi na majani ya mwarobaini, nitamrudishia.

Huffman mwenyewe hakudai kwamba amethibitisha. Alichofanya ni kujiwekea masharti. Onyesha kwamba mnyama anaumwa, na useme anaumwa nini au anaonyesha dalili gani. Onyesha kwamba anachokula si chakula chake cha kawaida. Onyesha kwamba hali imebadilika baada ya kukila. Na onyesha kwamba ndani ya kile kitu kuna kinachoweza kufanya kazi hiyo. Kisa cha 1987 kilitimiza sharti la pili vizuri, la kwanza na la tatu nusu nusu, na la nne kwa ushahidi wa Watongwe peke yake. Sisemi "peke yake" kwa dharau. Vizazi vya watu wanaokunywa dawa na kuangalia nani amepona ni ushahidi wa aina yake. Lakini mtu wa maabara hautambui mpaka umpelekee shina lenyewe.

Wakampelekea. Wakemia wa Kyoto, akina Ohigashi na Koshimizu, waliuchambua mti huo, ambao jina lake la kisayansi ni Vernonia amygdalina. Ni mti wa Afrika nzima ya kitropiki. Wahaya wanauita mubilizi, Waganda mululuza, na kule Nigeria majani yake huoshwa kwa kufikichwa mara kadhaa mpaka uchungu upungue, kisha yanapikwa mchuzi. Ndani yake walikuta makundi mawili ya kemikali za kutazamwa. La kwanza ni la vernodalini, kali, nyingi zaidi kwenye majani na gamba. Panya wa maabara walionyweshwa kwa kipimo kikubwa walikufa. La pili ni la vernoniosidi, zenye uchungu lakini pole zaidi, na hizo zimo hata kwenye moyo wa shina.

Rudi sasa kwenye mikono ya Chausiku. Alibambua gamba na majani akayatupa. Akatafuna moyo.

Kwangu hiki ndicho kiini cha kisa kizima, na ni cha tabia tupu. Dawa na sumu mara nyingi hutofautiana kwa kipimo, na kipimo cha mnyama asiye na mizani ni namna anavyokula: sehemu gani anaichukua, sehemu gani anaitupa, anameza au anafyonza, dakika ngapi, mara ngapi. Visa vilivyofuata vilionyesha kwamba utafunaji wenyewe huchukua kati ya chini ya dakika moja na dakika kama 8, na kiasi kinachotafunwa ni kidogo. Mti upo mwaka mzima, lakini hutumiwa zaidi majira ya mvua, wakati minyoo inaposhamiri. Aliyeandika tu kwamba sokwe amekula mjonso angekuwa ameandika kitu cha kweli kisichomfaa mtu yeyote.

Kinyesi cha mwaka 1991

Kisa cha pili, kilichokipa uzito kile cha kwanza, kilitokea mwaka 1991 kwenye kundi lilelile. Sokwe jike mwingine, mgonjwa kwa dalili zinazofanana, alitafuna moyo wa mjonso. Safari hii kinyesi kilikusanywa kabla na baada. Mayai ya mnyoo mmoja, Oesophagostomum stephanostomum, yalishuka kutoka 130 kwa gramu hadi 15 ndani ya saa 20.

Mtu wa mifugo akisoma tarakimu hizo hushtuka kwa sababu mbili zinazopingana. Kwanza, 130 ni kidogo. Mbuzi akiniletea mayai 130 kwa gramu kwenye hadubini, na hana dalili nyingine, simpi dawa kwa sababu hiyo tu. Lakini sokwe si mbuzi, na mnyoo huu madhara yake hayapimwi kwa mayai pekee, nitafika huko. Pili, mayai kwenye kinyesi hayatulii. Bonge moja na jingine la mnyama yuleyule hutofautiana. Kinyesi cha asubuhi na cha jioni hutofautiana. Kushuka kutoka 130 hadi 15 ni kushuka kukubwa, lakini bado ni mnyama mmoja.

Kuna jambo la tatu, ambalo wasomaji wengi wa kisa hiki hulipita. Kwenye majaribio ya maabara yaliyofanywa na minyoo ya kichocho, vernoniosidi zilipunguza kucheza kwa minyoo na uwezo wa majike kutaga. Sasa kama dawa inamfanya mnyoo aache kutaga, mayai yatapungua kwenye kinyesi na mnyoo bado yuko hai tumboni. Hesabu ya mayai haiwezi kukuambia ni lipi kati ya hayo mawili limetokea. Tunakutana na tatizo hilohilo tunapopima dawa za minyoo za dukani, na wafugaji wengi wamefurahia kupona ambako kwa kweli kulikuwa ni minyoo kupumzika uzazi.

Hata hivyo visa hivi viwili viliungana kwenye mambo ambayo ni vigumu kuyaita bahati: wote walikuwa wagonjwa kwa kuonekana, wote walibambua na kutafuna kwa namna ileile, na wote walipata nafuu ndani ya takriban siku moja, muda unaokaribiana na ule ambao Watongwe wanasema mtu hupata nafuu akinywa mjonso.

Majani yasiyotafunwa

Sitaki kuacha Mahale kabla sijagusa tabia nyingine ambayo ilikuwa imeonekana mapema zaidi, na ambayo inatufunza jinsi ya kukosea kwa heshima. Mwaka 1983 Richard Wrangham, aliyekuwa ameiona Gombe, na Nishida wa Mahale waliandika kuhusu sokwe wanaomeza majani ya mmea uitwao Aspilia mazima mazima. Asubuhi mapema, tumbo likiwa tupu, sokwe huchuma jani moja moja, hulikunja kwa ulimi, humeza bila kutafuna. Jani hutoka kwenye kinyesi bado limekunjika na bado ni la kijani. Chakula hakiwezi kuwa, maana hakikusagwa.

Maelezo ya kwanza yalikuwa ya kikemia. Mwaka 1985 iliandikwa kwamba majani hayo yana kemikali kali inayoua vijidudu na minyoo, thiarubrini. Ilivutia sana. Kila mtu alitaka iwe kweli. Lakini uchunguzi wa baadaye wa majani hayo haukuipata. Na majani yaliyomezwa na sokwe wa sehemu mbalimbali za Afrika, ya makumi ya mimea isiyo na undugu, hayakuwa na kemikali moja ya pamoja. Yalichokuwa nacho wote ni ukwaruzo. Yana vinyweleo, ni makavu kama msasa wa seremala.

Jibu likatoka kwenye kinyesi, mahali ambapo majibu yetu mengi hutoka. Minyoo ya Oesophagostomum ilikutwa imenasa katikati ya mikunjo ya majani na kwenye vinyweleo, hai, inacheza. Dawa ya kuua isingewaacha hai. Ilionekana kwamba majani makwaruzo yakifika tumboni bila kusagwa yanaukera utumbo, utumbo unaharakisha kusukuma, na minyoo inasombwa nje pamoja na majani. Ni fagio. Aliyeshika wazo la kemia alipitwa kwa sababu alisahau kuuliza swali la tabia: kwa nini hatafuni? Mnyama anayetaka kemikali ya jani angelisaga. Anayetaka ukwaruzo wake ndiye anayelilinda lisisagike.

Fani hii yote ikapewa jina gumu la Kigiriki ambalo sitawachosha nalo.

Utumbo wa kondoo

Sasa mnyoo wenyewe. Oesophagostomum ana ndugu kwenye mifugo yetu: mmoja wa kondoo na mbuzi, mwingine wa ng'ombe. Waliowahi kusimama machinjioni wanaujua bila kujua jina lake. Ukiufungua utumbo mpana wa kondoo unakuta vinundu vigumu, vya ukubwa wa punje ya mtama mpaka ya mbaazi, vimejaa kitu kama jibini iliyooza. Mkaguzi wa nyama anautupa utumbo huo, muuza supu ananuna. Vinundu hivyo ni makaburi na vyumba vya mabuu: buu huingia kwenye ukuta wa utumbo, mwili humzungushia ukuta, wengine hufia humo, wengine hutoka baadaye wakiwa wameiva. Kwa hiyo mnyama anaweza kuwa na utumbo ulioharibika vibaya huku mayai kwenye kinyesi ni machache. Ndiyo maana nilisema 130 isidharauliwe.

Kondoo naye anaweza kujitibu? Swali hili wafugaji wa zamani hawalioni geni. Utamsikia mzee akikuambia mbuzi mgonjwa mwachie achague mwenyewe porini. Waliolipima kwa utaratibu ni akina Juan Villalba na Frederick Provenza wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Utah, Marekani. Mwaka 2006 walionyesha kwamba wanakondoo waliofundishwa kwa kuonjeshwa, chakula kinacholeta usumbufu fulani na kisha kitu kinachouondoa, baadaye waliweza kuchagua kwa kila usumbufu kile kinachouondoa. Mwaka 2010 wakaonyesha kwamba kondoo wenye minyoo walikula zaidi chakula chenye tanini, ile inayofanya mdomo ukauke ukitafuna gamba la mti, kuliko wasio na minyoo. Tanini hupunguza minyoo ya tumbo ikiwa kwa kiasi, na ikizidi humdhuru mnyama mwenyewe na kumkondesha. Kondoo mzima huikwepa.

Huku kwetu jambo hili lina uzito kwa sababu dawa za minyoo zinachoka. Zinatolewa kwa kukisia, kwa kipimo pungufu, kundi zima kila baada ya miezi kadhaa, na minyoo inayobaki ni ile iliyojifunza kuzihimili. Afrika Kusini walitengeneza kadi ya rangi 5 ya kulinganisha na kope la ndani la kondoo au mbuzi, ili atibiwe yule tu aliyepauka kwa kunyonywa damu. Ni kazi nzuri, na inafaa kwa mnyoo mnyonya damu. Kwa mnyoo wa vinundu haisaidii sana. Hapo unarudi kwenye kumtazama mnyama: nani amebaki nyuma, nani anang'ang'ania kichaka fulani, nani kinyesi kimebadilika.

Nimeulizwa mara nyingi na wafugaji waliosikia habari za sokwe: basi tuwanyweshe mbuzi maji ya mubilizi? Jibu langu ni hapana, si kwa kumshindilia kwa chupa. Chausiku alikwenda mwenyewe, akachagua sehemu isiyo kali, akaacha alipotosheka. Mbuzi aliyeshikwa pembe akamiminiwa kooni juisi ya majani, yaani sehemu ileile aliyoitupa sokwe, hana hata moja kati ya hayo matatu. Anaweza kupaliwa akafa kwa nimonia kabla dawa haijafika tumboni, na hilo nimeliona kwa dawa za kila aina. Ninachoshauri ni kitu cha polepole zaidi: mbuzi wapate muda wa kuchungwa kwenye vichaka mchanganyiko, au kama ni wa bandani, waletewe matawi ya namna kadhaa kando ya matete, yatundikwe, wachague. Uwape nafasi ya kujifunza. Kuna faida nyingine pia: mbuzi anayekula akiwa ameinua shingo hamezi mabuu ya minyoo, maana mengi hukaa kwenye nyasi za chini zenye umande.

Kujifunza huko Mahale kulionekana nako. Watoto wa sokwe wagonjwa waliokuwa wakitafuna mjonso waliokota makapi yaliyotemwa na mama zao wakaonja kidogo. Sokwe wazima wasioumwa hawakujihangaisha. Uchungu ule hauna mtu wa kuutaka bila sababu, lakini mtoto huonja chochote kilichotoka kinywani mwa mama.

Na watu nao walijifunza kwa njia hiyohiyo, kama tukiamini simulizi ya ukoo wa Mohamedi. Alieleza kwamba babu yake aliwahi kumwona nungunungu mgonjwa anayeharisha akifukua na kula mizizi ya mmea ambao Watongwe wanauita mulengelele. Kijijini kulikuwa na ugonjwa wa kuharisha damu unaoua watu. Babu akaujaribu mzizi, akawapa wagonjwa, na mmea ukaingia kwenye dawa za ukoo. Simulizi haina daftari wala kinyesi kilichopimwa. Lakini nikiitazama kwa masharti yale manne ya Huffman, babu alikuwa ametimiza matatu kwa macho yake: mnyama anaumwa, anachokula si chakula chake, na anapata nafuu. La nne alilijaribu kwa watu. Watongwe waliokuwa wakiishi kwenye miteremko ile walihamishwa kabla Mahale haijatangazwa kuwa hifadhi ya taifa mwaka 1985, na ujuzi wa namna hii huhitaji msitu karibu na mlango. Mohamedi alibaki nao kwa sababu kazi yake ilimrudisha humo kila siku.

Miaka ya karibuni visa vimeongezeka. Juni 2022, kisiwani Sumatra, Indonesia, orangutani dume, nyani mkubwa wa Asia aliye ndugu wa sokwe, anayejulikana kwa jina la Rakus alionekana akitafuna majani ya mtambaazi wenye dawa na kupaka utomvu kwenye jeraha la usoni, na taarifa yake ikachapishwa mwaka 2024. Waliomwona walikuwa wanamjua mmoja mmoja, siku baada ya siku, kama ilivyokuwa kwa Chausiku.

Tunajua Chausiku alikula nini, sehemu gani, kwa namna gani, na alipata nafuu lini. Hatujui aliumwa nini. Fomu yangu ya wagonjwa ina nafasi kubwa katikati kwa ajili ya jina la ugonjwa, na juu yake mstari mwembamba ulioandikwa "maelezo ya mwenye mnyama". Fomu ya Chausiku ingerudi ofisini na nafasi ya katikati ikiwa tupu, na ule mstari mwembamba umejaa mwandiko wa Mohamedi mpaka pembeni, ukageukia nyuma ya karatasi.